Silika au mafunzo: majaribio gani yanafaa kwa skuli isiyo na maabara?

MaalimWete

Assalaam alaykum.

Nasomesha Baiolojia sekondari, Kaskazini Pemba. Tumefika mada ya tabia za viumbe, na kila mwaka darasa hukwama pahala pale pale. Wanafunzi wanaandika "mnyama huongozwa na silika, mtu huongozwa na akili", wanapiga mstari katikati ya ukurasa, wamemaliza. Mtihani wanapita. Lakini ukiwauliza mbona mtoto wa siku moja anakamata kidole na hajafunzwa na mtu, au mbona paka wa diko anaijua saa ya kushushwa samaki, hawana la kusema.

Nataka wiki tatu za vitendo. Tuna ua, tuna umeme unaokatika, maabara hatuna. Wanafunzi 45. Naomba msaada kwa haya:

1. Unathibitisha vipi kwamba tabia haikufunzwa? Kuthibitisha, si kusema tu.
2. Mifano ya mtu inayoonyesha silika, na ya mnyama inayoonyesha mafunzo. Iwe ya hapa kwetu, simba na duma wamo vitabuni tayari.
3. Kima punju wa Unguja kula makaa: ni silika au wamejifunza?

Nitajieni na yanayoharibika, maana hayo ndiyo vitabu haviandiki.

---

BandaLaKuku

Wa alaykum salaam Maalim. Swali la kwanza lina jibu la tangu zamani: mnyime mnyama nafasi ya kujifunza, kisha tazama kama tabia inatokea. Mwingereza Douglas Spalding alifanya hivyo miaka ya 1870. Aliwafunika vifaranga macho mara tu walipototolewa, akawafunua baada ya siku moja mpaka tatu, akakuta wanadonoa vidudu kwa shabaha ndani ya dakika chache. Nyinyi hamna haja ya kufunika mtu macho. Kiza kinatosha.

Chukua mayai 12 ya kienyeji chini ya kuku anayeatamia, yaliyomulikwa siku ya 7 yakaonekana yana mshipa. Siku ya 18 yahamishe kwenye boksi la mbao lenye globu ya wati 40. Kipimajoto kikae usawa wa mayai, si juu yake, na kisome 37.5. Tia bakuli pana la maji, kwa sababu siku tatu za mwisho zinataka unyevu wa asilimia 65 hadi 70. Tangu hapo msiyageuze mayai. Globu ifunikeni kwa kopo la bati lisilo na tundu, ili itoe joto bila mwanga, na kopo lisiguse mbao wala kitambaa, litaunguza. Toboeni matundu ya hewa chini na juu ya boksi, halafu mtundike kitambaa cheusi mbele yake kisilambe ukuta wa boksi.

Umeme ukikatika, blanketi juu na chupa mbili za maji moto kando. Yai la siku ya 19 lina joto lake lenyewe, saa mbili tatu halifi. Kinachoua ni mikono ya wanafunzi: kila anayefungua kuchungulia anatoa unyevu, utando wa ndani unakauka, kifaranga ananata kwenye ganda, hatoki, anafia humo. Wekeni mtu mmoja tu mwenye ruhusa ya kufungua. Mkipata vifaranga wanane au tisa, shukuruni. Msipange jaribio la kumi na wawili.

Jaribio la kudonoa. Kifaranga wa saa 24, hajala kitu. Msihofu, kiini cha yai kilichoingia tumboni kinamtosha siku mbili. Chora kwenye kadi nyeupe vidoa vya duara vya milimita 3, na kando yake vipembetatu vya ukubwa huo huo, rangi moja. Mtoe kizani, mweke mbele ya kadi dakika 3, hesabuni midonoo. Robert Fantz alionyesha mwaka 1957 kwamba vifaranga wasio na uzoefu wowote huvipendelea vitu vya mviringo vya ukubwa wa punje kuliko vyenye pembe. Rudia kwa kila kifaranga peke yake na mgeuze kadi kushoto kulia, la sivyo mtapima upande wenye mwanga badala ya umbo.

Hapa wanafunzi watapiga kelele "silika!" Wape la pili. Shabaha ya kifaranga wa siku ya kwanza ni mbovu, ya siku ya nne ni nzuri. Je, amejifunza? Eckhard Hess, mwaka 1956, aliwavika vifaranga vioo vya prizimu vinavyohamisha picha kulia kwa nyuzi 7. Siku ya kwanza midonoo yao ilitawanyika pembeni mwa lengo. Siku ya nne ilikuwa imekusanyika pamoja vizuri, lakini bado pembeni, palepale penye makosa. Maana yake shabaha ilikomaa yenyewe kama jino linavyoota, na kukosa chakula hakukuwafunza kusahihisha. Hili msilifanye, lisimulieni tu na wachore matokeo ubaoni. Ni jaribio bora kuliko yote ninayoyajua katika mada hii.

Jaribio la kufuata. Kifaranga au bata mchanga, baada ya kutotolewa, humshika kama mama kitu cha kwanza kikubwa kinachotembea. Kwa bata, Hess alipata kilele kati ya saa 13 na 16. Kwa kuku hesabuni siku ya kwanza na ya pili. Tumieni ndoo ndogo nyekundu iliyofungwa kamba, ivutwe polepole kwenye duara la mita 3, dakika 10, mara mbili kwa siku. Kesho yake mpe achague baina ya ndoo nyekundu na ndoo ya buluu ambayo hajaiona. Kosa la kila mtu hapa ni kuwaweka vifaranga pamoja. Wanashikana wao kwa wao, ndoo hawaitazami. Kila mmoja awe na kijisanduku chake chenye joto mpaka jaribio liishe.

Basi kufuata ni silika, lakini *nani* wa kufuatwa anajifunza, na mlango wenyewe unafungwa baada ya siku chache. Ndiyo maana mimi swali la "silika au mafunzo" naliona limeulizwa kombo. La kuuliza ni: nini kimekuja tayari, nini kinajazwa, na mlango wa kujaza uko wazi mpaka lini? Ukiuliza hivyo, mtu na kuku wanaingia kwenye daftari moja.

Mawili ya kujihadhari. Msiseme "hawajajifunza lolote" kwa sababu tu wametoka kizani. Gilbert Gottlieb alionyesha kwamba bata aliye ndani ya yai anasikia sauti, hata yake mwenyewe, na akizuiwa kuisikia hushindwa baadaye kuchagua barabara mlio wa mama wa jinsi yake. Mayai yenu yatakuwa yamemsikia kuku mpaka siku ya 18. Andikeni hivyo kwenye ripoti.

Na lile jaribio la kivuli cha mwewe, kadi ikivutwa upande huu ni mwewe na upande ule ni bata bukini, liacheni. Vitabu vingi bado vinasema vifaranga huzaliwa wanaliogopa umbo la mwewe. Wolfgang Schleidt alilirudia miaka ya 1960 akakuta ndege wanazoea umbo wanaloliona mara nyingi na kushtuka kwa lile la nadra. Mkilifanya uani mwenu mtapima mazoea.

---

MnaraniKasa

Kama mnakwenda Unguja kwa safari, piteni Nungwi muulizie vitoto vya kasa. Ni silika tupu, na inavyopotoshwa inaonekana kwa macho. Mayai hukaa mchangani kiasi cha siku 55 hadi 60. Watoto hutoka usiku, mchanga ukishapoa, na huelekea upande wenye mwanga mkubwa ulio chini kwenye upeo. Kwa mamilioni ya miaka upande huo ulikuwa bahari. Leo ni taa ya hoteli. Mtoto anatambaa kuelekea bustani, jua linamkuta huko, anakauka. Hajifunzi kutokana na kosa, maana kosa lake ni moja tu na linamuua.

Dawa ni taa za chini, zilizofunikwa upande wa bahari, rangi ya kahawia nyekundu. Tochi nyeupe na simu zenye flashi msizilete kabisa.

---

MsituniJozani

Maalim, la makaa.

Kima punju wanaokaa kandokando ya msitu wa Jozani, Unguja, kwenye mashamba, hula sana majani machanga ya mkungu na mwembe. Majani haya yana protini nyingi, lakini yana pia kemikali za jamii ya fenoli zinazovuruga umeng'enyaji. Mkaa unazinasa kemikali hizo na kuziacha protini zipite. Thomas Struhsaker na wenzake waliandika haya mwaka 1997. Kima huokota mkaa kwenye matanuri ya wachoma makaa, kwenye visiki vilivyoungua, hata jikoni wakipata mwanya.

Silika? Tazameni mambo matatu. Kwanza, mkaa kwa wingi huu umeletwa na binadamu, hauna umri wa kutosha kuumba silika yake maalumu. Pili, si kima punju wote wanaokula. Tatu, watoto huwa karibu kabisa na mama anapotafuna, na huonja kilekile. Vyote vinaelekea kwenye kujifunza. Lakini kipimo alichokieleza BandaLaKuku, cha kumnyima mnyama nafasi, hapa hakijafanywa na hakitafanywa, kwa sababu hakuna mtu wa kumfungia mtoto wa kima aliye hatarini kutoweka. Kwa hiyo mwanafunzi aandike "ushahidi unaelekea", asiandike "imethibitishwa". Na hata mafunzo hayo yamekalia kitu cha kuzaliwa: tumbo la vyumba linalochachusha majani, na mwili unaohisi nafuu baada ya kumeza kitu fulani.

Tumbo hilo hilo ndilo sababu ya kutowapa ndizi. Sukari ya tunda bivu inachacha haraka mno ndani yake. Kima punju wenyewe hula matunda mabichi.

Namna ya kuwatazama: gaweni darasa vikundi vya watu wanne. Kila dakika 5, mwandishi anaandika kila kima anayeonekana *kwa dakika ile tu* anafanya nini: kula (nini?), kupumzika, kwenda, kuchambuana manyoya, kucheza. Muda wa saa mbili, asubuhi, unatosha. Kosa la kawaida ni kuandika linalovutia na kuacha linalochosha. Kima analala na kumeng'enya muda mrefu, na wanafunzi wakiacha kuandika "amekaa", ripoti itaonyesha mnyama anayeruka mchana kutwa. Mwenye kikohozi au mafua abaki nyumbani, magonjwa ya kifua tunaambukizana nao.

Kama safari ya Unguja ni ghali, mna tumbili hapo hapo Pemba, msitu wa Ngezi. Wa jamii yao waliochunguzwa Amboseli, Kenya, wana milio tofauti ya hatari: wa chui, wa tai, wa nyoka. Seyfarth, Cheney na Marler walichapisha hayo mwaka 1980. Walirekodi milio wakaipiga kwa spika bila adui kuwepo. Mlio wa chui, tumbili wanapanda mtini. Wa tai, wanatazama juu au kuingia kichakani. Wa nyoka, wanasimama kwa miguu miwili wakichungulia majani. Linalowahusu nyinyi ni watoto: mtoto wa tumbili hupiga mlio wa tai hata kwa njiwa, hata kwa jani linaloanguka. Hapigi mlio wa tai kwa nyoka. Yaani "cha juu ni hatari ya juu" kimekuja tayari, na kumtenga tai na njiwa anajifunza kwa miaka, wakubwa wakirudia mlio anapopatia. Mlinganisheni na mtoto wa mtu anayeita kila mnyama wa miguu minne "paka".

---

UstadhMkoani

Maalim, usiufute ule mstari wote darasani ukawaacha watoto hewani. Tofauti ya mtu na mnyama kwetu haiko kwenye kukamata kidole. Iko kwenye taklifu: mtu ana akili ya kuizuia nafsi, na ataulizwa. Kuku haulizwi kwa kumdonoa mwenziwe.

Ila pia msisome kwamba mnyama hana cha kumfunza mtu. Sura An-Nahl, aya ya 68, nyuki amefunuliwa kujenga nyumba milimani, mitini na katika wanayojenga watu; hakuna chuo alichosoma. Na Al-Maida, aya ya 31, aliyemuonyesha mwana wa Adam namna ya kumsitiri ndugu yake ardhini ni kunguru. Mtu ndiye aliyekuwa mwanafunzi pale.

---

MkungaChake

Naongeza upande wa binadamu, maana maswali yenu mengi yamekwenda kwa ndege.

Mtoto mchanga ana harakati za kuzaliwa zinazoonekana bila kifaa chochote, ikiwa mama amekubali na yeye ndiye anayempakata. Mpeni kidole kwenye kiganja: anakikamata. Hii huondoka kiasi cha miezi 5 au 6. Gusa shavu karibu na mdomo: anageuza kichwa upande ule na kufungua mdomo, akitafuta ziwa. Huondoka kiasi cha miezi 4. Mtoto aliyekwisha kushiba hafanyi, kwa hiyo nendeni kabla ya kunyonya. Akiguswa na kidole cha mtu hugeuka sana kuliko anapojigusa kwa mkono wake mwenyewe. Silika hii inamjua nani mwenye mkono, na mtoto ana saa chache tu duniani.

Mshike kwapani, nyayo ziguse meza: anapiga hatua. Kiasi cha miezi 2 hatua zinapotea. Zamani ilisemwa ubongo umekua ukaizima silika. Esther Thelen wa Marekani, miaka ya 1980, akawatia watoto hao majini mpaka kifuani, miguu ikawa myepesi, na hatua zikarudi. Kilichozuia ni uzito: mapaja yamenenepa kuliko nguvu ya misuli. Hili waambieni wanafunzi wanaodhani silika hufutwa mtu akipata akili.

Ile harakati ya kushtuka, mtoto akiachiwa kichwa ghafla anatanua mikono na kuikunja, MSIIFANYE. Ni ya mtu aliyefunzwa kuipima. Wala msimtilie mtoto asali mdomoni kuonyesha kwamba anapenda utamu. Chini ya mwaka mmoja asali inaweza kubeba vijidudu vya sumu ya botulini.

Jengine linalomuunganisha mtu na mnyama moja kwa moja ni kunyamaza anapobebwa. Watafiti wa Japani walichapisha mwaka 2013 kwamba mtoto anayelia akibebwa na mama *anayetembea*, mapigo ya moyo yanashuka ndani ya sekunde chache na mwili unalegea. Akikaa kitako na mtoto, hapati hayo. Vitoto vya panya vikibebwa kwa ngozi ya shingo hufanya vivyo hivyo. Faida yake kwa wakimbiaji wawili, mama na mtoto, iko wazi: mtoto akitapatapa mama anaanguka. Mwaka 2022 wakatoa na kipimo: tembea naye dakika 5 bila kusimama simama, kaa naye kitako dakika 5 hadi 8 akiwa amelala, ndipo umlaze. Ukimlaza mapema anaamka, na kinachomwamsha ni kule kutengana na kifua chako. Mbeleko ya kanga inafanya nusu ya kazi hiyo.

Na kwa kuwa mmetaja makaa: wajawazito wengi wa kwetu hula udongo au mchele mbichi, na huficha. Pemba imechunguzwa kwa jambo hili, na utafiti uliochapishwa mwaka 2010 uliangalia uhusiano wake na upungufu wa damu. Nyani, ndovu na kasuku nao hula udongo, na kwa baadhi yao kuna ushahidi kwamba udongo hunasa sumu za mimea. Kwa hiyo si wazimu wala si uchawi. Lakini kinachonasa sumu hunasa pia madini ya chuma, na udongo unaweza kuleta mayai ya minyoo na madini ya risasi. Mama mwenye hamu hiyo apimwe damu. Himoglobini ikiwa chini ya gramu 11 kwa desilita ana upungufu. Vidonge vya chuma ameze kwa maji au maji ya chungwa, mbali na chai na mbali na udongo wenyewe. Na aulizwe kwa upole, akichekwa hatasema tena.

---

MaalimWete

Shukran sana. Bi Mkunga, hilo la hatua kurudi majini sikulijua kabisa, nitaanza nalo.

Ustadh, mstari wa taklifu nauacha pale ulipo. Ninaouhoji ni ule wa kusema mtu hana silika.

Swali la ziada, na wanafunzi wataliuliza hakika: woga wa nyoka. Na je, ipo tabia ya mtu mzima mwenye akili timamu ambapo silika inaishinda akili peupe?

---

PanyaMjini

Nyoka: Susan Mineka na Michael Cook, miaka ya 1980. Nyani wa aina ya rhesus waliolelewa maabara hawakumuogopa nyoka. Wakaonyeshwa nyani mwengine akimuogopa nyoka: mara chache tu, woga umeingia. Kisha wakaonyeshwa video iliyochezewa ili nyani yule yule aonekane anaogopa maua. Woga wa maua haukuingia. Kwa hiyo hawazaliwi na woga. Wanazaliwa na *wepesi wa kujifunza* woga wa kitu fulani na uzito wa kujifunza wa kitu chengine. Nenda na hilo darasani uone nani atakubaliana na mstari wa katikati ya ukurasa.

La pili: ladha. John Garcia na Robert Koelling, mwaka 1966, waliwapa panya maji matamu yaliyoambatana na mwanga na kelele, halafu wakawaumiza. Walioumwa tumbo wakayachukia maji matamu, mwanga na kelele hawakujali. Waliopigwa shoti ya umeme miguuni wakaogopa mwanga na kelele, utamu hawakujali. Tumbo linashtaki ladha hata kama saa zimepita katikati, mguu unashtaki kinachoonekana na kusikika.

Mtu ni hivyo hivyo. Kula ngisi leo usiku, halafu ugonjwa wa kutapika ulioambukizwa na mtoto ukushike alfajiri. Daktari atakwambia si ngisi, wewe mwenyewe utajua si ngisi, na harufu yake itakuchefua miezi. Akili imeshahukumu na tumbo halikuhudhuria kesi. Hapo ndipo pa kuonyesha mpaka ulivyo mwembamba, na hakuna mwanafunzi ambaye hana chakula chake cha namna hiyo. Waandike kwenye karatasi bila majina: chakula gani, kilikuwa kipya au cha kila siku, waliumwa baada ya saa ngapi. Mtaona vyakula vipya au vya nadra vinazidi vya kila siku, kwa sababu wali na muhogo mtu amekwisha kuvila mara elfu salama. Panya pia hushuku kipya kwanza.

Faida ya nyumbani: ndiyo maana sumu ya panya ya kuua haraka hushindwa. Panya anaonja kidogo, anaumwa bila kufa, hagusi tena chambo kile. Dawa za kuzuia damu kuganda huua baada ya siku tatu au zaidi, na panya hana namna ya kuunganisha ugonjwa na chambo. Weka chambo kisicho na dawa siku tatu nne azoee, ndipo uchanganye. Mbali na kuku wa Maalim, tafadhali, na mzoga uzikwe, paka akiula atadhurika.

---

MaalimWete

Hii ya karatasi za chakula haina gharama hata senti, ndiyo somo la kwanza.

BandaLaKuku, mawili ya mwisho. Nina jirani mwenye bata, naweza kuatamisha mayai ya bata kwa kuku ili waone wakiingia majini? Na vifaranga waliozoea ndoo, niwafanye nini baada ya jaribio?

---

BandaLaKuku

Bata kwa kuku inafaa sana, angalia siku tu. Bata wale wenye nyama nyekundu usoni wanataka siku 35, wale wengine 28, kuku wake 21. Kuku akichoka siku ya 25 akaondoka, umepoteza. Chagua kuku mzito anayejulikana kwa kuatamia, mpe mayai 6 au 7 tu, maana ni makubwa, na mtoe kila siku dakika 15 ale, anywe, anye nje ya kiota. Ukitaka usalama, siku ya 15 mpokeze kuku wa pili anayeatamia, usiku.

Wakitoka, beseni pana, maji ya sentimita 3, jua la saa nne. Wataingia wenyewe. Kuku atazunguka akiita, na wao watatoka wakimsikia kisha watarudi. Dakika 5 basi, wakaushwe na wapewe joto. Bata aliyelelewa na kuku manyoya yake hayana mafuta ya kutosha siku za mwanzo, analowa, anapoa, anakufa, na watu husema kuku kamuua.

Vifaranga wa ndoo: warudishe kwa kuku mwenye vifaranga wa umri huo huo, usiku, kabla hawajatimiza siku tatu. Watie chini ya bawa mmoja mmoja kizani. Alfajiri uwepo. Kuku akiwadonoa vichwani, watoe mara moja na uwalee kwenye boksi: nyuzi 35 wiki ya kwanza, punguza nyuzi 3 kila wiki. Wakijikusanya chini ya globu wana baridi, wakikimbilia pembeni wamezidiwa na joto. Ndoo yao ondoa uani kabisa. Wakiiona bado wanaifuata, na kuku wataacha kumsikiliza.